Harufu ya Uraka Darasani

Msimu wa korosho ulikuwa umepamba moto. Kila asubuhi Bonifasi alikamua mabibo, matunda ya mkorosho, nyuma ya nyumba yake. Maji ya mabibo yakichacha huwa uraka, pombe inayopendwa sana huko Newala. Tena ni desturi: anayepita wakati wa kukamua haondoki bila kuonjeshwa.

Siku hiyo binti yake Agatha, wa darasa la nne, alirudi mapema tena.

"Mbona saa hizi?" mama yake, Anjelina, aliuliza.

"Mwalimu Alfredi amelala, mama."

"Mwongo! Umetoroka."

Anjelina haamini mtu kirahisi. Hata chumvi ya dukani huionja kwanza. Alijitanda kanga akaenda shuleni mwenyewe. Kweli, mwalimu alikuwa amelalia meza, anakoroma. Watoto walikuwa wanarushiana vipande vya chaki. Chumba kizima kilinuka uraka. Upimaji wa darasa la nne ulikuwa umekaribia, na Agatha hajui hata kugawanya. Anjelina aliumia sana.

"Baba Agatha," alisema alipofika nyumbani, "waite vijana. Wakang'oe mlango wa yule mlevi. Ahame!"

Bonifasi aliinamisha kichwa. "Labda anaumwa."

"Anaumwa uraka? Mbona unamtetea?"

Bonifasi akayageukia mabibo yake. Anjelina akazidi kumshuku. Akamvuta mkono mpaka kwa jirani yao Scholastika, mwalimu mkuu mstaafu.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba, Mama Agatha. Karibuni."

Scholastika aliwasikiliza mpaka mwisho.

"Mlango usiguswe," alisema. "Mkimvamia, kesi itakuwa yenu. Kulewa kazini ni kosa la kinidhamu. Mwalimu anaweza kufukuzwa kazi kwa hilo. Lakini hafukuzwi na wanakijiji. Mwambieni mwalimu mkuu wa sasa. Yeye ataripoti Tume ya Utumishi wa Walimu, wilayani."

"Halafu?"

"Atapewa mashtaka kwa maandishi. Atajitetea. Mashahidi watasikilizwa. Akikutwa na hatia, ndipo anaadhibiwa. Asiporidhika, anakata rufaa."

"Kumbe hata mlevi ana haki!"

"Anayo. Je, kama kweli anaumwa? Harufu peke yake haitoshi. Nani amemwona akinywa kabla ya kuingia darasani?"

Anjelina alimgeukia mumewe polepole. Mikono ya Bonifasi ilikuwa bado inanata mabibo.

"Baba Agatha?"

"Mimi," Bonifasi alisema. "Hupita kila asubuhi, namwonjesha uraka wa jana. Anamaliza kata nzima, anaomba nyingine. Naona haya kumnyima mwalimu."

"Unamlewesha mwalimu wa mwanao!" Anjelina alikasirika mpaka akalia.

"Basi shahidi amepatikana," alisema Scholastika.

Bonifasi aliona aibu, lakini alisema yote mbele ya waliochunguza. Mwalimu mkuu alilichukua darasa lile mara moja, na Agatha akafaulu upimaji. Ilionekana kwamba Alfredi alikwisha kuonywa kwa kosa hilohilo. Alijitetea, akasikilizwa, kisha akafukuzwa kazi kisheria. Mlango wake haukuguswa na mtu.

Msimu uliofuata, mwalimu mpya, Anastasia, alipita asubuhi akamkuta Bonifasi anakamua. Desturi ni desturi. Bonifasi akamchotea kata ya maji ya mabibo yaliyotoka kukamuliwa.

"Karibu, mwalimu. Hayajachacha haya."

Anjelina alitoka jikoni mbio, akaidaka kata. Akanusa. Akaonja. Akanusa tena.

"Haya, mwalimu, kunywa," alisema. "Kisha uende darasani."