Rangi Tatu Katika Sahani ya Kache

Wageni wote wa hoteli walikula mayai ya Chirau. Aliyeyakosa ni mtoto wake tu.

Kila alfajiri Chirau alipanda baiskeli kutoka kijijini kwao, bara kidogo ya Diani, akateremka mpaka pwani. Nyuma ya baiskeli alifunga pakacha la mayai ya kuku wa mama yake. Mayai yalilazwa ndani ya pumba za mpunga yasivunjike. Siku nyingine aliongeza nyanya na fungu la mchicha kutoka shamba la mkewe, Biasha. Hotelini alivaa kofia nyeupe ndefu. Alizikata nyanya zile, akayapiga mayai yale, akawapikia Wazungu chakula cha asubuhi. Sahani zilitoka jikoni zina kijani, nyekundu na manjano, utadhani zimefunikwa kanga mpya.

Saa hiyo hiyo, nyumbani, binti yake Kache alikuwa akinywa chai kavu yenye sukari nyingi na kula mkate mweupe wa dukani. Mkate ule ulinunuliwa kwa fedha za yale mayai. Hakuna aliyeona ajabu. Nchi ilikuwa imepata uhuru mwaka wa pili huo, na mkate wa dukani ulionekana kuwa ndio maendeleo yenyewe.

Kisha Kache akapata surua. Alipona vipele, lakini hakurudi kuwa yule Kache wa zamani. Alikuwa na miaka minne, umri wa kukimbiza vifaranga na kuvunja vikombe. Badala yake alikaa kizingitini kimya. Mikono yake ilikonda. Pembe za midomo zilifanya vidonda. Watoto wenzake wakimwita, aliwatazama tu.

Masika yalipoanza, wageni wakaenda makwao na hoteli ikafungwa mpaka mvua zipite. Chirau alikuwa na nafasi sasa. Alimbeba Kache, akafuatana na Biasha mpaka kliniki ya watoto huko Msambweni.

Muuguzi aliitwa Bi Hannah. Alikuwa mtu wa Kinango, mnene, mcheshi, na maneno yake hayakuwa na kona. Alimtia Kache katika mizani, akautazama mshale. Kisha akauliza mtoto anakula nini asubuhi. Biasha akamwambia ni chai na mkate.

"Na mchana?"

"Ugali na mboga. Au muhogo. Samaki akipatikana, tunakula samaki."

"Mayai?"

Biasha akatazama chini. Akaeleza kwamba mayai huuzwa hoteli. Isitoshe, kwao mtoto hapewi yai. Mtoto akila yai atakuwa mwizi, ndivyo wazee wasemavyo.

"Na Baba Kache anafanya kazi gani?" Bi Hannah akauliza.

Biasha akamtazama mumewe. Chirau akatazama ukuta.

"Ni mpishi," Biasha akasema. "Anapika mayai."

Bi Hannah alicheka mpaka kalamu ikamdondoka. Alipomaliza kucheka, aliketi karibu nao na kusema nao kwa upole. Aliwaambia surua humnyang'anya mtoto nguvu zake, na nguvu hizo hazirudi kwa chai na sukari. Yai hujenga mwili. Majani ya kijani, kama mchicha na mronge, huongeza damu. Majani hayo, pamoja na vyakula vya manjano kama boga na papai, hulinda macho na ngozi. Nyanya husaidia mwili kufaidi ile mboga ya kijani. Na mafuta kidogo ni lazima, kwa sababu pasipo mafuta faida nyingine hupotea.

"Sahani ya mtoto iwe na rangi tatu," alisema. "Mchicha wenu mnaupikaje?"

Biasha akaeleza. Huukata, kisha huuosha. Huutokosa kwa magadi mpaka ulainike kabisa, halafu humwaga maji yake.

"Basi jalala lenu lina afya njema," Bi Hannah akasema. "Mtoto ndiye aliyebakiwa na makapi. Osha kwanza, ukate baadaye. Magadi acha. Maji usimwage. Pika kidogo tu, ungali kijani."

Kisha akawaambia neno lililowakata maini. Warudi mwezi ujao. Kama mshale wa mizani hautapanda, Kache atalazwa wodini, na hajui atakaa huko muda gani.

Njia nzima ya kurudi nyumbani, Chirau alimpakata binti yake. Aliihisi mifupa yake.

Nyumbani palikuwa na vita vingine. Kuku walikuwa wa mama yake Chirau, ambaye kila mtu alimwita Bibi. Hoteli ilikuwa imefungwa, na mayai yalijaa chini ya kitanda chake. Bibi alisema heri yaoze kuliko kumfundisha mjukuu wake wizi.

Chirau alijaribu kumweleza. Alimwambia kwamba pale hotelini watoto wa Kizungu hula mayai kila siku iendayo kwa Mungu.

"Nao hawakuiba?" Bibi akauliza. "Mwanangu, hao waliiba nchi nzima."

Biasha alikimbilia nje kwenda kucheka. Chirau alijua ameshindwa kwa maneno, basi akaacha maneno. Alimchukua Kache kizingitini, akamweka mapajani mwa Bibi.

"Mama, kuku ni wako," alisema. "Huyu ni wetu sote. Mwinue umwone alivyo mwepesi."

Bibi akamwinua. Akakaa naye kitambo, akimpapasa mgongo. Kisha akaingia ndani na kulivuta pakacha.

"Chukueni," alisema. "Lakini siku nikimkuta na mkono ndani ya chungu cha mtu, mwizi wangu ni wewe, Chirau."

Asubuhi ya pili Biasha aliwasha moto. Alitokosa mayai na mchicha pamoja katika sufuria moja, muda mrefu, kama alivyozoea. Kilichotoka kilikuwa na rangi ya matope. Kache alionja, akatema. Biasha akajaribu tena kesho yake, na mtoto akatema tena. Mama akakaa kando ya meko, machozi yakimlengalenga. Siku zilikuwa zinakwenda, na mizani ilikuwa inamngoja.

Chirau alikuwa nje, nyuma ya ukuta wa makuti wa jikoni, akijifanya anatengeneza baiskeli. Mikono ilimwasha. Hotelini kupika ni kazi, na kazi ina kofia na mshahara. Kijijini, jiko ni la mwanamke. Mwanamume aliyeonekana mbele ya mafiga angechekwa mpaka kaburini.

"Mke wangu," alinong'ona kupitia makuti. "Kaanga kitunguu kwanza."

"Nani?"

"Mimi. Usigeuke. Tia mafuta ya nazi kidogo, halafu kitunguu."

Biasha akatia. Akaambiwa aongeze boga lililokatwa vipande vidogo, afunike mpaka lilainike. Akaambiwa atie nyanya. Kisha majani ya mchicha na mronge, yaliyooshwa na kukatwa, yapate moto kidogo tu. Mayai nayo ayajaribu kwanza ndani ya bakuli la maji. Yai zima huzama. Linaloelea ni la kutupa, kwani haya yalikuwa yamekaa sana chini ya kitanda.

"Vunja moja moja kikombeni, uliangalie, ndipo ulichanganye na mengine," sauti ya makuti ikasema. "Sasa piga. Hapana, hivyo unayakoroga. Piga kwa mkono mwepesi. Mwepesi, Biasha. Unakoroga uji wewe?"

"Kama unajua sana, ingia," Biasha akasema.

Nyuma ya makuti baiskeli ikasukumwa. Biasha alifikiri mumewe amekwenda zake. Mara mlango ukatiwa kivuli, na Chirau akaingia. Aliinama asigonge kichwa, akanawa mikono, akajifunga kanga ya mkewe kiunoni na kuchukua uma. Mayai yakapigwa mpaka yakafanya povu. Akayamimina juu ya mboga, akatia chumvi kidogo, akapunguza kuni. Akamwonyesha mkewe namna ya kuvuta kingo kuelekea kati, taratibu, na kungoja mpaka yaive yote. Yai la mtoto mdogo, alimwambia, lisiache ute.

Chakula kilipopakuliwa, Kache alikitazama kwanza. Akagusa kijani kwa kidole. Akagusa manjano. Kisha akala. Alipomaliza, aliisukuma sahani mbele ya baba yake.

"Bado," alisema.

Biasha akageuza uso. Chirau akapakua tena.

Mambo mazuri hayo yalikuwa na shahidi. Jirani mmoja alikuwa amepita kuomba moto, akamwona Chirau na kanga yake kiunoni. Kabla ya adhuhuri kijiji kizima kilikuwa na habari. Kule kwenye kahawa wanaume walimpokea kwa heshima kubwa. Mmoja alisema yeye angependa mayai yake bila pilipili. Mwingine akauliza Biasha naye amepewa kazi gani, ya kukwea minazi? Chirau alikunywa kahawa yake, akarudi nyumbani, na asubuhi akapika tena.

Siku zikaenda. Biasha alijifunza mkono mwepesi, akawa anapika mwenyewe mara nyingi, na mara nyingine wakapika pamoja. Palipokosekana boga walitumia papai bichi lililoanza kugeuka manjano. Vidonda vya midomo vikakauka. Asubuhi moja Bibi alipiga kelele uani, kwa sababu Kache alikuwa akimfukuza tetea wake bora. Alipiga kelele, lakini hakuondoka kizingitini. Alisimama akitazama.

Mwezi ulipotimia walirudi Msambweni. Bi Hannah alimtia Kache katika mizani. Biasha alifumba macho. Chirau hakufumba, aliuona mshale ukipanda, ukapita ile alama ya mwezi uliopita, ukaenda mbele zaidi na kusimama. Bi Hannah akaandika, akatabasamu. Alisema wodini hana kitanda cha mtoto anayepiga mateke hivi. Akamwuliza Biasha anapikaje siku hizi. Biasha akaeleza hatua kwa hatua, na akina mama waliokuwa katika foleni wakasogea kusikiliza. Mmoja alitaka kujua lile la yai kuzama majini. Akaelezwa tena.

Walipofika nyumbani, jioni haijaingia, walimkuta mgeni juu ya kitanda cha kamba uani. Alikuwa Mjomba Mwero, kaka yake Bibi. Katika ukoo wao neno la mjomba ndilo la mwisho, na Mjomba Mwero hakutoka kwake Gazi kwa jambo dogo. Bibi alikaa pembeni, akichambua mchele.

"Shikamoo, mjomba," Chirau akasema.

"Marahaba."

Mzee hakumkawiza. Alisema habari zimemfikia huko Gazi, na zimefika zikiwa zinacheka. Mpwa wake amejifunga kanga. Mpwa wake anapuliza moto na mkewe yupo. Mtoto kupewa mayai, hilo angeweza kulisamehe, kwa kuwa dada yake aliridhia. Lakini mwanamume jikoni ni aibu ya ukoo mzima. Akamtaka Chirau aombe radhi hapo hapo, mbele ya mama yake, na aahidi hatarudia.

Biasha alisimama, akishika mkono wa Kache. Kache akajinasua, akamkimbilia Bibi na kujitupa mapajani mwake, mchele ukatapakaa. Bibi hakugomba. Alimwinua juu, kisha akamshusha upesi.

"Mzito huyu," alisema, bila kumwambia mtu.

Mjomba Mwero hakumtazama dada yake. Alikuwa akimngoja mpwa wake.

"Mjomba," Chirau akasema, "heshima yako iko pale pale. Ukiniita nitakuja, ukinituma nitakwenda. Lakini leo muuguzi alikuwa amlaze binti yangu, na hakumlaza. Kesho asubuhi nitaingia jikoni, nitajifunga kanga ile ile, na ukilala hapa utakula. Radhi siombi."