Mita Iliyokohoa Mahakamani

Anayesema sikuwepo aniambie yeye alikuwa wapi. Mimi nilikaa benchi la nyuma, nangoja kesi yangu ya ukuta, na mshonaji huyu tumepakana uzio. Haya yote nimeyaona kwa macho yangu mawili, la kulia likiwa zima kabisa.

Lilianza jambo dogo. Mshonaji alikuwa anapinda suruali ya mteja, mchana kweupe, aliposikia mita ya umeme ukutani inakohoa. Akainua kichwa. Kisahani cha mita kilikuwa kinazunguka, na waya ulishakatwa tangu miezi miwili nyuma, ncha zake zinaning'inia.

Ulikatwa kwa sababu ya bili iliyosema mita imefika elfu tisa, umeme wa kuendesha kiwanda. Siku ile mashine iliyokuwa ikimsaidia mumewe kupumua ilizima, na kabla ya adhuhuri mshonaji akawa mjane.

"Mwanangu, hiyo ina jini," shangazi yake alinong'ona, kajibana mlangoni. "Nimwite mganga alitoe."

"Jini gani linakohoa mara tatu kisha linakwaruza koo? Huyo ni baba watoto."

"Ndiyo maana nasema litolewe!"

"Litatoka, shangazi. Likishatoa ushahidi."

Siku ya kesi aliyowafungulia watu wa umeme, mita ilibanduliwa, ikawekwa mezani kwa hakimu kama kielelezo. Msoma mita, shati limepigwa pasi mpaka linang'aa, akaapa kwamba kila mwezi alifika, akainama, akasoma kwa macho yake.

"Sijamwona hata siku moja," mshonaji alisema. "Anakadiria tu, kakaa kwa kinyozi."

"Mama, kazi hii nina miaka kumi na tisa. Wewe shika sindano yako."

Watu wakacheka. Hakimu hakucheka. "Basi isome hapa tukusikie."

Akainama. Harufu ya kafuri ikapita chumbani. "Mia nne na kumi," akasoma, na kisahani kikajizungusha, "kumi na moja," akasoma bila kuulizwa, "kumi na mbili," na pumzi ikaanza kutoka ndani ya kile kiboksi, pumzi ya mgonjwa, inavuta, inakwama, inavuta, na kila ilipokwama, pumzi ya msoma mita nayo ikakwama, shati likamlowa mgongoni, macho hayabanduki kwenye tarakimu, karani akarudi nyuma na kiti chake, wakili akasahau alichosimamia, na yeye anasoma tu, midomo imekuwa rangi ya majivu, mpaka akapiga yowe: "Sikwenda! Sijawahi kwenda! Niliandika kwa kinyozi!"

Kisha akaendelea kusoma.

Shangazi akamvuta mshonaji mkono. "Mwambie mumeo aache. Wewe atakusikia."

Neno moja tu lingetosha. Mshonaji akakunja mikono. "Baba watoto," akasema taratibu, "bado hajafika namba aliyotuandikia."

Hakimu alifuta bili, akaamuru umeme urudishwe. Mita mpya ikafungwa, kimya kabisa. Msoma mita yupo hai. Anakaa kwa kinyozi palepale, anahesabu kwa pumzi za kukwama. Juzi alifika elfu nane mia tisa na ushee. Mshonaji hupita kila siku kumsikiliza.

"Na mganga?" shangazi humuuliza.

"Bado, shangazi. Zimebaki chache."

Sasa nikiri, maana sipendi uongo: ile harufu ya kafuri nimeitia mwenyewe, hadithi ikolee. Mahakamani hapakunuka kitu. Mengine nenda kwa kinyozi ukasikilize. Ila uende leo.