Mnyororo Kwenye Geti la Tumbaku

Ndugu zangu wa Songea, nawasimulieni habari za nyumba moja ya Bombambili, maana ingeweza kuwa nyumba yenu. Mwaka wa tisini na sita, Kunegunda na mumewe Gaspari walikuwa watu wa kuonewa wivu. Kila asubuhi walikunywa uji, wakapanda baiskeli moja hadi kiwanda cha tumbaku, mke akachambue majani, mume akachochee boila. Jioni walirudi pamoja wakitaniana njia nzima.

Kisha kiwanda kikauzwa. Mnunuzi, Bwana Chande, akafuta glavu, akafuta vitambaa vya kuziba pua, na wanawake waliokohoa vumbi akawaambia wakapumzike kwao moja kwa moja. Wafanyakazi walimwandikia barua tatu, asijibu hata moja. Basi wakagoma, na haki ilikuwa yao. Hata mimi ningegoma.

Lakini Gaspari, aliyechaguliwa kuongoza mgomo, alifunga geti kwa mnyororo na kumzuia kila mtu asiingie. Ndani ya ghala mlikuwa na marobota ya tumbaku ya wakulima wa Lusewa yakingoja kupangwa madaraja. Ninyi mnaolima mnajua: robota lisipogeuzwa hupata joto, likavunda. Tena tumbaku ambayo haijapangwa daraja bado ni mali ya mkulima, kiwanda hakihusiki. Marobota kumi na manane yalikuwa ya Mzee Edmund, baba yake Kunegunda, na ndiyo yaliyotegemewa kumbakiza shuleni Devota, mdogo wake Kunegunda aliyekuwa kidato cha tatu.

Siku ya nne Kunegunda alimfuata mumewe getini.

"Baba Remmy, turuhusu wanawake sita tu. Tugeuze marobota, tutoke. Mashine hatugusi."

"Mama Remmy, wakiingia sita leo, kesho Chande atatangaza kuwa kazi inaendelea. Mgomo utakuwa umekufa."

"Ile ni tumbaku ya mkweo!"

"Naijua," Gaspari alisema, akatazama chini. "Mwambie anisamehe."

Kunegunda akaenda kwa Bwana Chande, mwenye kiwanda.

"Shikamoo, bosi. Naomba uongee nao, hata nusu saa."

"Marahaba. Mama, kiwanda ni changu, hati ninazo. Siongei na watu walionifungia mlango. Watoe mnyororo kwanza."

"Na wao wanasema uongee kwanza."

"Basi tutaona nani atachoka."

Mnaona, ndugu zangu? Kila mmoja ana haki yake mkononi, na hakuna anayepitisha mtu. Kunegunda alisimama barabarani asijue aende wapi. Tangu hapo kila mchana alikaa nyuma ya ghala akinusa. Siku ya saba harufu ya tumbaku iligeuka, ikawa ya ukungu. Alilia peke yake, na machozi yale yalikuwa ya hasira kuliko ya huzuni.

Siku ya kumi na moja afisa kazi alifika, akawakalisha Chande na Gaspari meza moja. Walipatana kabla ya chakula cha mchana. Kabla ya chakula cha mchana, jamani! Glavu zikarudi, mnyororo ukafunguliwa. Kunegunda alikimbilia ghalani, akatia mkono katika robota la baba yake. Lilikuwa la moto, na majani yalitoka meusi yenye utando mweupe.

Mzee Edmund alikuja kwa lori kutoka Lusewa.

"Shikamoo, baba," Gaspari alisema.

"Marahaba, mwanangu. Glavu mmepata?"

"Tumepata."

"Vizuri. Mlikuwa na haki. Sasa nisaidieni kumwambia Devota. Mimi nimeshindwa."

Gaspari hakuweza. Ilibidi Kunegunda aende shuleni mwenyewe, na wiki ileile Devota alirudi Lusewa, godoro kichwani.

FUNZO

Kugoma ni haki ya mfanyakazi, na kuendesha kiwanda ni haki ya mwenye kiwanda. Wewe mwajiri, jibu barua ya kwanza, usingoje mnyororo. Na ninyi mnaogoma, kabla ya kufunga geti ulizeni ya nani mali iliyomo ndani, mkaiachie njia kazi isiyoweza kungoja. Waliogombana wote wawili walirudi kazini. Devota hakurudi shule.