Jumamosi ya Nani

Siku ya mnada Mugumu hapakaliki. Ng'ombe wanalia, wanunuzi wanasukumana, vumbi limejaa mpaka kwenye soda. Bhoke alikuwa ndani ya duka la dawa za mifugo la Mama Kauthar, koti jeupe juu ya gauni jekundu la kitenge, akipimia watu dawa ya kupe tangu saa mbili.

"Dada, habari ya kazi?" Kijana mrefu, shati la kaki limepigwa pasi mpaka mikono, aliegemea kaunta.

"Napumua tu. Nikupe nini?"

"Mrembo hivi anapumua tu? Anayekusumbua ni nani nikamkamate?"

"Wewe! Foleni yote iko nyuma yako."

Foleni ikacheka. Kijana akanunua dawa ya kupe, akasahau kuichukua, akarudi kuifuata, akaondoka na namba ya simu. Jina lake Emanueli, mtu wa Natta, mhudumu kwenye kambi ya watalii.

Miezi mitano simu hazikukatika. "Umekula, mama?" "Nimekula, baba. Wewe je?" Mambo ya kipuuzi, matamu. Emanueli akamwambia wazi kwamba anataka kumuoa, na wazee wake watakuja Kisaka kwa baba yake Bhoke. Lini? Hapo ndipo maneno yalipoanza kupotea.

Kwa akina Bhoke, kila binti ana kaka yake aliyepangiwa. Ng'ombe wanaokuja kwa binti ndio wanaomwolea kaka mke. Bhoke alipangiwa Mogesi, na Mogesi alikuwa na mchumba kijiji cha Matongo, Eunice, ambaye baba yake alishachoka kusubiri. Kila jioni nyumbani ni swali lilelile: shemeji anakuja lini? Naye Bhoke analichukua swali, analipeleka Natta kwa simu.

Jumatatu moja Emanueli akafoka. "Bhoke, hebu niacheni nipumue!" Simu ikakatwa. Tangu hapo kimya, wiki mbili nzima. Akipigiwa hapokei, akiandikiwa hajibu.

Bhoke alilichambua neno lile mpaka akalichukia. Amechoka na kazi? Ameniacha? Ana mwingine? Kwa hasira akampa mteja mmoja dawa ya kuku badala ya ya mbuzi.

"Mume wangu akisema aachwe apumue, anataka kulala," Mama Kauthar alimwambia. "Wanangu wakiulizana nani kapumua, mimi nafungua dirisha. Na hili duka miaka miwili iliyopita lilikuwa linapumulia mashine. Sasa huyo wako kupumua kwake ni kupi, mimi nitajuaje? Nenda ukamuulize, mwanangu, kabla hujaniulia mifugo ya watu."

Bhoke akapanda bodaboda mpaka Natta. Alimkuta Emanueli nyuma ya kambi, anaanika mashuka.

"Kumbe mzima!" Bhoke hakusalimia. "Mimi nilidhani nije na sanda."

"Bhoke..."

"Usiniite. Wiki mbili, Emanueli! Hata mbwa anafukuzwa kwa neno."

Emanueli akafuta mikono, akampa simu yake. "Soma."

Meseji za Mogesi. Asubuhi, mchana, jioni. *Shemeji vipi. Shemeji usiniangushe. Shemeji, kama huwezi sema, wapo wengine.* Bhoke alihisi uso unawaka. Hakuna aliyekuwa amemwambia.

"Ng'ombe ninao," Emanueli alisema. "Wako kwa baba, wamekamilika. Lakini nikikuwaza wewe namwona Mogesi. Nataka kujua, unanitaka mimi, au unamtafutia kaka yako mke?"

"Ndiyo ukanyamaza ili unipime? Mimi mahindi?" Machozi yalimtoka, yakamwongezea hasira. "Ungeniuliza! Nina mdomo!"

Akampigia Mogesi palepale, akaweka spika Emanueli asikie. "Kaka, nisikilize. Emanueli akija, anakuja kwangu, na siku nitapanga mimi. Ukimtumia meseji nyingine moja, siolewi, na kwa baba nitasema mwenyewe."

Alitegemea matusi. Badala yake Mogesi akaongea kwa sauti ndogo ambayo Bhoke hakuwahi kuisikia kwake.

"Sawa, dada. Ila baba yake Eunice amesema mwisho Jumapili hii. Kuna mtu wa Sirari amekuja kumposa. Eunice analia tu." Akakata.

Mashuka yalipepea.

"Jumamosi," Emanueli alisema. "Nitakuja na wazee Jumamosi."

Neno alilolisubiri miezi mitano, na sasa limekuja kwa kusukumwa na kilio cha mtu mwingine. Bhoke alitamani kulirusha vumbini.

"Hiyo Jumamosi ni yangu, au ya Mogesi?"

Emanueli alimtazama. "Yenu wote wawili. Ningesema ni yako peke yako ningekuwa nakudanganya. Lakini wewe ningekuoa hata usingekuwa na kaka."

Lilimchoma. Alitaka jibu jingine, tamu, lile ambalo wasichana wengine wanapewa. Lakini aliyelisema hakuwa amekwepesha macho, na Bhoke alikuwa bado anampenda, hiyo ndiyo iliyomuudhi kuliko yote.

"Njooni asubuhi," alisema, akifuta macho kwa ncha ya shuka la watalii. "Na usinikumbatie. Bado nimekasirika."

Emanueli akasimama palepale, mikono ubavuni, akimsubiri.