Marumaru ya Chifu Akinsowon

Mpaka leo sijui ni nani aliyekuwa akiyaandika maneno yale.

Hapa Lagos, familia inayoogopa matapeli huandika ukutani kwa rangi nyekundu: NYUMBA HII HAIUZWI. Sisi matapeli hufuta. Kwenye nyumba ya marehemu Chifu Akinsowon, kule Ikoyi, mtaa wa matajiri, tulifuta mara tatu. Kila tukirudi, yapo.

Rangi mbichi.

"Ni wewe, Mzee Sanusi?" mwenzangu Gbolahan alimuuliza mlinzi.

"Bosi, mimi hata jina langu siwezi kuliandika."

Chifu alizikwa nyumbani kwake, chini ya sakafu ya sebule, kama baba yake. Watoto wako Kanada. Gbolahan alighushi hati, mimi nikaiga sahihi ya marehemu, kisha tukalifunika kaburi kwa marumaru nyeupe kutoka Italia, maana matajiri hawapendi kulala na maiti wa wenzao.

Fundi wa marumaru alikataa kuanza kazi mpaka marehemu amwagiwe kinywaji na kuombwa radhi, kama ilivyo desturi. Tukanunua chupa ya pombe kali. Fundi alipotoka nje, Gbolahan akainywa yeye.

"Chifu ameacha pombe," alisema, akajifuta mdomo.

Tulicheka. Mimi pia nilicheka.

Jumamosi iliyofuata, jua likizama, nilimpeleka mnunuzi. Madamu Ebiere alikuwa mjane. Mumewe alipokufa, mashemeji walimtoa nyumbani na masanduku mawili, naye tangu hapo aliishi hotelini. Gbolahan alikuwa ametangulia kuwasha taa na kupulizia manukato.

Taa zilikuwa zinawaka. Manukato hayakuwapo. Palinuka rangi...

Viatu vya Gbolahan vilikuwa katikati ya sebule, vimepangwa sawasawa, kama vya mgeni aliyeingia ndani. Mbele ya viatu, juu ya marumaru, yale maneno.

Yakichuruzika.

Nikampigia simu.

Ikaita. Wimbo wake wa kwaya, ule wa shangwe. Ulitoka chini ya miguu yetu.

Marumaru haikuwa na ufa.

"Tutu..." Gbolahan aliniita simuni, akinong'ona. "Kuna giza. Kuna mtu amekaa hapa."

"Nani?"

"Ananiuliza bei."

Nikasikia akipumua. Au wakipumua.

"Tutu, nitoe. Anataka kinywaji chake."

Mzee Sanusi alikuja mbio na nyundo. Alikuwa ameshaiinua nilipomshika mkono.

"Ngoja."

"Nisubiri nini, dada? Mtu yuko hai!"

Nilikuwa nawaza ile sahihi. Tukivunja, polisi watalikuta kaburi, kisha hati, kisha mkono wangu. Nikamtazama Madamu Ebiere nikitumaini ataniamuru tuvunje.

Aliketi kwenye sofa, mkoba magotini.

"Nimeshawaambia mashemeji zangu nimepata nyumba Ikoyi," alisema taratibu. "Wamenicheka vya kutosha."

Simlaumu. Ningeanzia wapi?

Sanusi aliweka nyundo chini, akaenda kuleta chupa nyingine ya pombe. Nilipiga magoti, nikaimimina yote, nikaomba radhi kwa sauti. Pombe haikutapakaa. Ilizama ndani ya jiwe kama mchangani.

Nikasikia makoo mawili yakimeza.

"Gbolahan?"

"Ahsante," ilijibu simu. Sauti ilikuwa yake. Adabu haikuwa yake.

Baada ya hapo alinipigia mara kumi na moja. Sikupokea. Jumatatu asubuhi, simu yake ikazima.

Siku hiyohiyo tulikaa jikoni, sisi watatu, tukaamua: marumaru isivunjwe. Madamu ahamie. Sanusi abaki getini, na akiulizwa aseme Gbolahan alisafiri. Maandishi ya ukutani yaachwe. Yale ya sebuleni, ambayo hayatoki kwa sabuni wala kwa mafuta ya taa, yafunikwe kwa zulia.

Zulia nililinunua mimi, zito, jekundu. Mzee Sanusi alikataa kulishika.

Nililitandaza peke yangu, nimevua viatu, na nilipofika katikati nilihisi chini ya nyayo zangu mtu akigonga, polepole, kwa heshima, kama anayeomba kufunguliwa.

Nikavuta zulia mpaka ukutani.