Mkate Kifuani pa Lodi Averill

Haya rafiki yangu Tabitha Gough alinisimulia mwenyewe, huku akitema mate. Lodi Averill, kabaila na mbunge wetu aliyewatimua mashambani mwake wote waliomnyima kura, alikuwa amekufa, na Tabitha akaitwa jumbani kula dhambi zake: mkate na pombe vilivyowekwa juu ya kifua cha maiti, ili dhambi zimhamie mlaji.

"Kula, au kesho uhame na wanao," alisema Pugh, msimamizi wa shamba.

"Dhambi za huyu? Ungeniitia na majirani, Bwana Pugh. Tumbo moja halitoshi."

"Ulimi huo ndio utakaokulaza nje, mama."

Chumbani madirisha yalikuwa yamezibwa, na giza lilinuka nta na uvundo. Tabitha alijikaza, akanywa pombe iliyochacha, kisha akaupapasa mkate kifuani pa maiti. Hapo akasikia sauti ya kutafuna, taratibu, ya kinywa kilichojaa mate.

"Bwana Pugh, unakula nini?"

"Sili kitu," Pugh alijibu kutoka nje ya mlango.

Sauti ikakoma. Tabitha akawakumbuka wanawe, akaunyanyua mkate, akauma. Upande ulioelekea kinywa cha maiti ulikuwa umekwisha kung'atwa, nao ulikuwa na uvuguvugu wa mate.