Neno Walilopiga Kelele Wartet

Giza lilikuwa linaanza kuingia Ludivine alipopanda kwenda kukamua mbuzi. Zizi la mkwewe lilisimama peke yake juu ya kijiji, kwenye mteremko ambao theluji yake ilikuwa haijayeyuka bado. Yeye ni mtu wa bondeni. Aliolewa Wartet kabla ya baridi kuanza, na jina hilo, kwa lugha ya huko mlimani, maana yake ni "Ngojeni". Mumewe alimwambia limetokana na wasafiri wa zamani waliongoja hapo mpaka njia ifunguke. Ludivine aliliona jina la ukarimu.

Mbuzi walikuwa wamesongamana ukutani. Hakuna aliyelia. Akavuta kigoda, akashika chuchu ya kwanza. Maziwa hayakutoka.

Ko... ko... ko.

Akatazama mlangoni. Hapana mtu.

Ko... ko...

Chini. Chini ya mbao za sakafu.

Harufu ikapanda, ya udongo mbichi na mshumaa uliozimwa sasa hivi. Kisha sauti ya mwanamke, iliyokauka:

"Ngojeni!"

Nywele zikamsimama. Hata hivyo akapiga magoti, akaweka mdomo kwenye ufa.

"Nakuja, dada! Nakuja kukutoa!"

Kugonga kukakoma.

Mlango ukafunguka. Theodul, baba mkwe wake, alikuwa na taa mkononi, anahema.

"Unaongea na nani?" akanong'ona.

"Baba, kuna mtu huku chini! Sepetu iko wapi?"

"Umemjibu?"

"Sasa nisimjibu? Mtu anakufa!"

Mzee akaketi kwenye majani makavu.

"Kijiji cha kwanza kiko hapo chini, mwanangu. Theluji iliporomoka pamoja na udongo na mawe, ikakifunika chote. Waliopona wakachimba, wakawasikia wenzao wakigonga. Mara mlima ukanguruma tena. Wakatupa sepetu, wakakimbia. Wale wa chini wakasikia nyayo zinaondoka... wakapiga kelele neno moja tu."

"Ngojeni," Ludivine akasema polepole.

"Hadithi ya wasafiri tunawaambia wageni."

"Na mimi mgeni?"

Mzee akaitazama taa yake.

"Basi wale waliwakimbia. Mimi nimeahidi."

Akaiona sepetu nyuma ya mlango. Akang'oa ubao, wa pili, wa tatu, akaanza kuchimba huku akilia kwa hasira. Theodul akamtazama weee, mwishoni akavua koti, akashuka shimoni kumsaidia. Wakachimba mpaka sepetu ikagonga jiwe. Mwamba mtupu, mzima. Hata panya asingepata pa kupita.

Theodul akalaza sikio juu yake. Damu ikamwisha usoni.

"Bado wanatuambia tungoje, baba?"

Akatikisa kichwa.

"Wanasema tusijisumbue tena kuchimba." Akainuka taratibu. "Wanasema... wanakuja wenyewe."

Chini ya mwamba, kucha zikaanza kukwaruza.

Nyingi.